Cheti cha Ngozi

Siku tuliyohamishwa, mgambo walifika kwetu saa nne asubuhi, mama akiwa bado anasaga uwele. Walipanda juu ya tembe, wakafukua udongo wa paa kwa majembe, wakang'oa boriti na kuzichoma pamoja na vihenge vya nafaka. Mjomba wangu, kaka yake mama, ambaye ndiye aliyenilea tangu baba alipofariki, alimshika mgambo mmoja mguu akamvuta mpaka chini. Wenzake walimpiga usoni kwa kitako cha bunduki. Meno mawili ya mbele yalitoka. Aliyatema kwenye kiganja, akayatazama kidogo, akayatupa kwenye moto wa boriti zetu, kisha akaenda kumsaidia mama kufunga vyombo.

Naanza na hilo kwa sababu mambo nitakayoyasimulia yalitokea miezi michache baadaye, na bila kujua jinsi tulivyofika pale, mtu anaweza kudhani kupigwa kulikuwa jambo la ajabu kwetu. Halikuwa la ajabu. Kwenye kijiji kipya, tulikohamishiwa kwa amri ya serikali, watu walipigwa kwa kuchelewa shamba la pamoja, na walipigwa kwa kurudi kuchungulia mahame yao.

Kijiji kilikuwa mwendo wa nusu siku kutoka Ihanja, kwenye uwanda wenye mawe makubwa na upepo usiokatika wakati wa kiangazi. Ng'ombe waliokuwa wametawanyika kwenye maboma ya mbali waliletwa wote mahali pamoja, wakanywa lambo moja. Walipokuwa wengi hivyo, uchinjaji nao ukaongezeka, na kijiji kikajengewa banda la ngozi: paa la nyasi, kuta hakuna, na ndani fremu za miti ambamo ngozi ziliwambwa zikauke kivulini. Mjomba alikuwa Mwislamu, hivyo ndiye aliyekuwa mchinjaji, ili nyama iliwe na kila mtu. Alikuwa pia mchunaji hodari. Mimi nilikuwa nimesoma hadi kidato cha pili na nilijua kupiga taipu, nikafanywa karani wa banda. Nilikuwa na miaka ishirini.

Mkubwa wa banda alikuwa mtumishi wa serikali aliyetoka upande wa Kiomboi, Mnyiramba, mtu mzima mwenye sauti ndogo. Watu walimwita Bwana Ngozi, nami namwita hivyo. Alikuwa mkali. Mchunaji akitoboa ngozi kwa kisu, alichapwa mikono kwa fimbo ya fremu, hata awe na mvi. Nilimwona akimchapa mjomba wangu mbele ya watu kwa mkato mmoja usiozidi urefu wa kidole. Nilimchukia kwa siku ile na nyingine nyingi.

Lakini ndiye aliyenifundisha kwamba ngozi ya ng'ombe aliyezaliwa karibu na lambo letu ina safari yake, na kwamba safari hiyo ina sheria. Alikuwa na kabrasha la karatasi za Kiingereza, na alinitaka nizitafsiri na kuzibandika kwenye nguzo ya banda. Humo mlikuwa na mkataba wa mauzo: madaraja ya ngozi, jinsi ya kuifunga, nani anabeba hasara ikioza melini. Mlikuwa pia na masharti ya nchi inayonunua. Ngozi isingeshushwa bandarini kwao bila cheti cha afya, kilichotiwa sahihi na ofisa aliyekwenda mwenyewe kukagua, kwetu akiwa yeye, kinachosema kwamba ngozi zimetoka kwa mifugo mizima, mahali pasipo na kimeta, ugonjwa wa mifugo unaoua hata watu.

Nilimuuliza kwa nini nchi moja iwe na haki ya kuipangia nyingine. Alinieleza taratibu, akiwa anafunga mzigo. Alisema yako makubaliano ya biashara kati ya mataifa mengi. Ndani yake kila nchi imeahidi kutozuia bidhaa za mwenzake ovyo, lakini imeachiwa haki ya kuzuia kile kitakachoua watu au mifugo yake. Kitu kilichokatazwa ni kusingizia ugonjwa ili kuwalinda wafanyabiashara wa kwao.

"Sasa tutajuaje kama wanasingizia?" nikamuuliza.

"Kwa cheti," akasema. "Cheti chetu kikiwa cha kweli siku zote, siku wakisingizia tutawashika. Kikiwa cha uongo mara moja tu, hatuna la kuwaambia tena."

Ng'ombe wa kwanza alikufa mwezi wa tisa. Alikuwa amesimama, akatetemeka, akaanguka, akafa kabla mwenyewe hajafika. Kesho yake wakafa watatu. Damu iliyotoka puani na nyuma ilikuwa nyeusi, na haikuganda. Ilikaa juu ya vumbi kama mafuta machafu. Mizoga ilivimba haraka ikanyoosha miguu.

Bwana Ngozi hakuwepo. Alikuwa amekwenda Singida Mjini kufuata chumvi na kamba. Watu walikuwa hawajala nyama kwa muda mrefu, na ng'ombe aliyekufa kwetu hatupwi hivi hivi. Mjomba hakula nyamafu kwa sababu ya dini yake, lakini kuchuna aliona si kosa, na mwenyekiti wa kijiji alimwambia kila ngozi ihesabiwe, kwa sababu kijiji kilikuwa kimeahidi mzigo. Alichuna siku mbili, mikono imeloa hadi kwenye viwiko. Ngozi mbichi alizibeba begani mpaka bandani, moja baada ya nyingine, mkono wa kushoto ukizishikilia shingoni. Zilichanganywa na zile nyingine.

Siku ya nne alitokewa na kipele chini ya taya. Hakikuuma. Alicheka kwamba amechumbiwa na mbu. Kesho yake kilikuwa kidonda cheusi katikati kama kaa la moto lililozimika, na shingo ilianza kujaa. Mke wake na mama walimkanda kwa maji ya chumvi na majani.

Bwana Ngozi alirudi Jumapili jioni. Jumatatu asubuhi aliingia bandani, akamkuta mjomba ameketi juu ya marobota akisubiri kazi. Alimtazama shingo bila kuigusa. Alimuuliza amechuna nini, lini, na mizoga imekwenda wapi. Mjomba alimjibu. Bwana Ngozi alitoka nje, akasimama kwenye jua, akakaa hivyo kwa muda. Aliporudi aliniambia nisiguse kitu, ninawe mikono kwa sabuni, na nimwite mwenyekiti.

Mwenyekiti wetu alikuwa mwanamume mrefu aliyewahi kuwa kuli bandarini na alipenda kulitaja jambo hilo. Alikuja na mgambo wawili, si kwa ubaya, alitembea nao kila mahali. Bwana Ngozi alimwambia ni kimeta. Ngozi zote bandani zichomwe, na banda lenyewe. Mizoga itakayoanguka isipasuliwe, ichomwe na ngozi yake, izikwe chini sana kwa chokaa. Mjomba apelekwe hospitali kwa sindano leo hii, na wote waliokula nyama ile. Cheti hakitatoka.

Lori la kuchukua mzigo lilikuwa njiani kutoka Singida. Lilitarajiwa adhuhuri, na mzigo ulikuwa upelekwe stesheni ya Manyoni kuwahi behewa.

Sitamfanya mwenyekiti kuwa mjinga. Maneno aliyoyasema asubuhi ile nimeyafikiria miaka yote na mengine bado siwezi kuyajibu. Alisema sheria hizo ziliandikwa na watu waliokuwa na meli, sisi tukiwa bado chini yao, hatukukaa mezani. Alisema nchi inahitaji fedha za kigeni kununua dawa na mashine, na dawa za mifugo ni mojawapo. Alisema wazungu hununua ngozi mbichi kwetu, na tukithubutu kuwapelekea viatu wanatupandishia ushuru mpaka viatu vinatushinda. Ng'ombe wanne wamekufa, akasema, na mia wamesimama. Kwa nini tujinyonge wenyewe?

Bwana Ngozi alisema kuhusu ushuru wa viatu anakubaliana naye kabisa. Kisha akasema, "Wewe ulikuwa kuli, ndugu mwenyekiti. Mzigo uliubeba wapi?"

Mwenyekiti aliwatazama mgambo wake.

"Begani," akasema Bwana Ngozi. "Sharti hili liliandikwa kwa ajili ya shingo ya mtu kama wewe. Tazama shingo ya huyu."

Nadhani kama asingesema hivyo mbele ya mgambo, mambo yangekwenda vingine. Uso wa mwenyekiti ulibadilika. Aliniagiza niandike cheti. Niliketi kwenye mashine, nikaandika maneno niliyokuwa nimeyaandika mara nyingi, kwamba mifugo ni mizima, mahali hapana kimeta. Herufi ziligonga karatasi na mjomba alikuwa hatua tatu kutoka kwangu, akipumua kwa mdomo. Bwana Ngozi alipopewa kalamu aliirudisha mezani.

Walianza kwa kumsukuma. Akaanguka juu ya fremu, ikavunjika, na mgambo mmoja akaokota mti wake. Walimpiga mgongoni na miguuni, mmoja huku, mmoja kule, kwa mpangilio kama watu wanaopura mtama. Hakupiga kelele. Alijikunja na kufunika kichwa kwa mkono wa kulia, na mti ulipotua kwenye mkono huo nilisikia kifundo kikivunjika. Mjomba alijaribu kuinuka kuwazuia, yeye aliyechapwa na mtu huyo mbele za watu, lakini alikuwa na homa na mgambo alimrudisha chini kwa mkono mmoja tu. Damu ilimtoka Bwana Ngozi sikioni. Waliendelea.

Mwenyekiti alinijia mezani. "Karani," akasema, "sahihi yake unaijua. Ukiitia, tunamwacha."

Niliijua. Nilikuwa nimeiona kila siku ya kazi kwa muda wa miezi: herufi mbili kubwa na mkia mrefu. Bwana Ngozi alikuwa amelala ubavu, jicho moja limefumba, jingine likinitazama.

"Usiandike, binti," akasema.

Mti ukashuka tena. Niliandika. Mkono haukutetemeka, na hilo ndilo linaloniuma zaidi ninapokumbuka. Mkia niliuvuta vizuri kabisa.

Wakamwacha, kama walivyoahidi. Lori lilipofika, dereva aliambiwa mkaguzi ameanguka kutoka paani. Vijana wa kijiji walipakia marobota, wakiyabeba begani. Baadaye Bwana Ngozi aliwekwa kwenye trekta la kijiji pamoja na mgambo mmoja wa kumsindikiza, akapelekwa Ihanja kupanda basi. Hakuwa na fahamu sawasawa. Niliomba mjomba apakiwe pamoja naye. Mwenyekiti alikubali, lakini mjomba mwenyewe alikataa. Alisema hapandi chombo kimoja na mgambo. Nilimsihi kwa magoti. Mama alimsihi. Alipapasa pengo la meno yake kwa ulimi, akatingisha kichwa.

Alikufa kesho yake kabla ya adhuhuri. Shingo na uso vilikuwa vimejaa hadi macho yamezama, na pumzi ilipita kwa sauti ya mlango mkavu. Alijua anakufa. Alimwambia mama kwamba watakaomuosha wasimuoshe kwa mikono mitupu, maneno aliyoyasikia kwa Bwana Ngozi. Wanaume waliomuosha walifunga mikono kwa nailoni ya mifuko ya mbolea. Tulimzika alasiri ileile.

Jumatano kulipopambazuka nilitoka bila kumuaga mtu isipokuwa mama. Nilitembea hadi Ihanja, nikapanda basi, na saa nane mchana nilikuwa nimesimama mbele ya meza ya mkuu wa mifugo mjini Singida. Nilimwambia shikamoo, kisha nikamwambia yote: ng'ombe, damu isiyoganda, nyamafu, mjomba, kipigo, lori. Nilisema cheti ni cha uongo. Aliniuliza sahihi ni ya nani.

"Ni jina la Bwana Ngozi," nikajibu. Hilo lilikuwa kweli, na nikanyamaza hapo.

Alipiga simu Manyoni mbele yangu, akipaza sauti kwa sababu laini ilikuwa mbovu. Behewa lilikuwa bado stesheni. Ngozi zote zilishushwa zikachomwa porini mbali na reli, za kijiji chetu na za vijiji vingine viwili zilizolala nazo behewa moja. Sikuuona moto huo. Niliuona wa kwetu.

Siku mbili baadaye magari ya serikali yaliingia kijijini, na mimi ndani ya moja. Watu walipangwa mstari wakachomwa sindano. Ng'ombe wazima nao walichomwa sindano. Ng'ombe wenye homa walifungiwa kwenye boma la miiba, na askari watatu walisimama nje wakawapiga risasi. Sijawahi kusikia sauti kama ile. Ng'ombe hawajui bunduki, hivyo hawakukimbia kwanza. Walipoanza kukimbia waligongana, wakapandana, wengine wakatobolewa matumbo na miiba. Mzee mmoja alijaribu kuingia kumfuata dume lake na askari alimpiga teke la kifua. Shimo lilichimbwa na wale wale waliokuwa na mifugo hiyo. Lilichomwa kutwa nzima kwa dizeli na kuni, na upepo wa kiangazi ukatuletea moshi usoni. Banda nalo likawashwa, pamoja na karatasi zangu kwenye nguzo.

Wale watu wa serikali waliondoka Jumamosi. Jumapili asubuhi, walioabudu walipotoka kanisani, walikuja kwetu. Hawakuwa mgambo. Walikuwa jirani zetu, wake kwa waume, na wanawake walikuwa mbele. Mmoja aliuliza kama nimefurahi. Kisha nilipigwa kwa fimbo za kuchungia, kwa mchi, kwa mikono. Mtulinga wangu wa kulia, mfupa wa begani, ulivunjika, na nywele zilinyofolewa upande mmoja zisiote tena vizuri. Mama alilala juu yangu, wakampiga na yeye. Mke wa mjomba, mjane wa siku tano, alisimama kando na kanga yake ya msiba. Hakunipiga na hakuwazuia. Aliyewazuia, sijui kwa nini, ni mgambo mmoja wa wale wawili waliompiga Bwana Ngozi.

Wiki ya tatu nilikwenda Kiomboi, mkono ukiwa kwenye kitambaa kilichofungwa shingoni. Nilikuwa nimesikia yuko hospitalini huko, ndugu zake walimpeleka. Nilimkuta wodini amekaa kitandani, mkono wa kulia umefungwa plasta hadi kwenye bega, sikio moja halisikii. Nilimsalimu. Alinionyesha kiti upande wa sikio zima.

Niliketi. Nikasema tu kwamba nimekuja kumwambia nitakwenda polisi kusema sahihi niliitia mimi.

Alisema wachunguzi walikuwa wameshafika kwake, wamemletea kile cheti kutoka Manyoni. "Waliniuliza kama hii ni sahihi yangu," akasema. "Nikawaambia ndiyo. Nilipigwa nikatia, kabla mkono haujavunjika."

Nilimwambia hilo si kweli.

"Najua si kweli."

Kwa hiyo mwenyekiti alihojiwa, kisha akahamishiwa kijiji kingine na cheo chake kilekile. Bwana Ngozi, kwa kuwa jina lake ndilo lililokuwa chini ya cheti cha uongo, na kwa kuwa nchi inayonunua ikipata habari itatilia shaka vyeti vyote alivyowahi kuvitia sahihi, alikuwa ameandikiwa barua ya kuachishwa kazi. Ilikuwa juu ya kabati lake, imefunguliwa. Alisema wana haki. Angekuwa yeye ofisini angeandika barua hiyohiyo.

Nilianza kumshukuru. Alinikatiza.

"Usinishukuru. Sijakusamehe," akasema. "Nilikuambia usiandike. Ningestahimili."

Nikamuuliza kwa nini basi amewadanganya. Alitazama dirishani, ambako mahindi ya mtu yalikuwa yamekauka mabua. Alisema mwanamke aliyetia sahihi ya serikali angefungwa, na mama yake hana mwingine. Na kwamba cheti kilikuwa kimeshakuwa uongo tayari, hakukiharibu zaidi.

Muuguzi alipita akaacha uji. Bwana Ngozi alijaribu kushika kikombe kwa mkono wa kushoto, kikaegama, ukamwagika kidogo kwenye shuka. Nilisogeza kiti, nikamshikia kikombe kwa mkono wangu mzima mpaka akamaliza.